Matundu Matatu ya Kitabu cha Wakati

Kitu cha kwanza nilichokiona ni kwamba maneno yalikuwa yanakwepa.

Matundu yalikuwa matatu, kila moja dogo kama kichwa cha pini, mawili juu na moja chini, kama macho na mdomo wa mtu aliyeshangaa. Mdudu alikuwa ametoboa ukurasa. Hilo si ajabu. Katika karakana yetu, kitabu kisicho na tundu ndicho kinachotushangaza. Lakini mdudu hajui kusoma. Anapotoboa hupita katikati ya herufi, hula nusu ya jina la mtu, huondoka na nukta. Katika kitabu hiki hapakuwa na herufi hata moja iliyoliwa. Mstari ulifika karibu na tundu, ukasimama, ukaruka, ukaendelea upande wa pili, kama watu wanavyompisha mwenye mkokoteni.

Nikafunua ukurasa wa pili. Vivyo hivyo. Wa kumi. Vivyo hivyo.

Basi mdudu ndiye aliyetangulia, mwandishi akafuata. Na wote walikuwa wanasema kitabu kile kina umri wa miaka mia nne.

Wote, maana yake ni watu wawili. Wa kwanza ni kijana wa chuo aliyetumwa kuorodhesha maandishi ya kale katika nyumba yetu ya kumbukumbu. Alikuwa mrefu, na miwani yake ilifungwa kamba shingoni. Mlezi wa nyumba hiyo alimpachika jina la Msomi, na yeye hakujua kama ni sifa au ni utani. Wa pili ni huyo mlezi mwenyewe, Mama Funguo, aliyetembea na funguo kumi na saba kiunoni, hivyo tulisikia anakuja kabla hajafika.

Wa tatu ni mjomba wangu. Yeye hakusema kitabu ni cha kale, wala hakusema si cha kale. Wote walimwita Fundi. Kwa miaka thelathini na mmoja alikuwa amejalidi na kushona vitabu katika chumba kile cha chini chenye madirisha mawili, na sisi tulilala katika vyumba viwili vya nyuma yake. Alinichukua nilipoacha shule darasa la tano, mama alipofariki. Mkewe alikuwa hai wakati huo. Sasa tulibaki wawili.

Kazi yangu ilikuwa kupika gundi ya unga, kuosha karatasi za viraka na kuziba matundu. Unachukua karatasi kuukuu, unailoweka mpaka iwe uji, unadondosha tone kwa ncha ya brashi ndani ya tundu, unalikandamiza kwa mgongo wa kijiko, unaacha likauke. Ni kazi ya mikono isiyohitaji mdomo, na mimi mdomo sina. Mtu akinisalimu ghafla, jibu langu huja akiwa ameshavuka barabara.

Kwa hiyo nilipoona maneno yanakwepa, sikumwambia mtu. Nilifunga kitabu, nikaenda kukoroga gundi.

Siku ya pili yake Msomi alisimama katikati ya karakana akamsomea Mama Funguo. Mjomba alikuwa mezani kwake anashona.

"Sikiliza hapa, mama," Msomi alisema. "'Msomaji huenda siku kwa siku na mstari kwa mstari, akadhani jana imekufa na kesho haijazaliwa. Mdudu haendi kwa mistari. Huingia kwa jalada hili akatokea kwa jalada lile, akazigusa siku zote mahali pamoja.' Unaona? Mtu alikaa akawaza hivi, miaka mia nne iliyopita."

"Mdudu gani huyo?" Mama Funguo aliuliza.

"Mdudu ni fumbo, mama. Ni roho inayopita ndani ya nyakati."

"Mimi nilidhani ni mdudu."

"Ungekuwa umesoma falsafa, mama..."

"Ningekuwa nimeshiba maneno. Endelea, baba, usinijali."

Miwani ya Msomi ilikuwa imeingia ukungu. Aliivua, akaifuta kwa ncha ya shati. "Na wewe Fundi, unasemaje?"

"Mimi ni mtu wa uzi," mjomba alisema. "Ya ndani ya kitabu hayanihusu."

Lakini sindano yake ilikuwa imesimama hewani tangu neno la kwanza, na masikio yake yamewaka kama ya mtu anayesikia anatajwa kwa jirani.

Nilianza kwa kumshuku Msomi. Yeye ndiye aliyekikuta kitabu, kwenye rafu ya vitu vilivyokwisha kutengenezwa ambavyo havijapewa kibandiko. Yeye ndiye aliyeandika barua makao makuu. Yeye ndiye angepata jina. Nikawa namtazama vidole, nikitafuta wino. Vilikuwa visafi. Tena nikagundua kwamba zile herufi za kizamani alizisoma kwa kuzifuata na kidole, akirudi nyuma, akinong'ona, kama mimi ninavyosoma gazeti. Mtu anayesoma kwa kujikwaa namna ile hawezi kuandika kwa mkono ulionyooka namna ile.

Ndipo nikalikumbuka sanduku la viraka.

Ndani yake tunaweka vitabu vilivyokufa, ili karatasi zao zitibu vilivyo hai. Kulikuwa na daftari moja la zamani la kuandikia mizigo ya forodhani. Kurasa za mbele zilijaa maandishi, za nyuma zilikuwa tupu, na hizo tupu ndizo tulizokuwa tunachana. Nilipoliacha mara ya mwisho lilikuwa nene kama tofali. Sasa lilikuwa jembamba kama kipande cha sabuni kilichobaki.

Nilisubiri wakati wa chakula cha mchana, wote walipotoka. Nikaliweka daftari juu ya meza, nikafungua kitabu cha wakati, nikalaza ukurasa wake mmoja juu ya ukurasa wa daftari. Nikachukua sindano ya mjomba. Ikaingia tundu la kwanza ikatokea chini bila kukwama. Tundu la pili. La tatu. Mdudu alikuwa mmoja. Alianza safari yake kwenye mizigo ya forodhani akaimaliza kwenye siri za wakati.

Mwaka wa daftari ulikuwa umeandikwa mbele kwa tarakimu za kawaida. Nilihesabu kwa vidole, kisha nikahesabu tena. Miaka tisini ilikuwa haijatimia.

Na ufunguo wa sanduku la viraka ulikuwa na watu wawili. Mmoja ni mimi.

Wahenga walisema kikulacho ki nguoni mwako, lakini hawakusema ufanye nini kama nguo yenyewe ndiyo iliyokulea. Jioni hiyo tulikaa kula. Nilimeza mate mara tatu kabla sauti haijatoka.

"Mjomba, karatasi za viraka zimepungua."

"Vitu hupungua."

"Zimepungua sana."

"Vitabu vimeliwa sana." Alinitazama juu ya sahani. "Siku hizi unahesabu?"

"Hapana, mjomba."

"Kula, basi."

Kidole chake cha kati kilikuwa na doa la kahawia pembeni ya ukucha. Alipoona ninaliangalia, akakikunja ndani ya kiganja. Tangu hapo tukawa kama paka wawili juu ya ukuta mmoja, kila mmoja akijifanya anatazama bustani. Akiamka kabla ya alfajiri kama alivyozoea tangu mkewe afariki, nilisikiliza mlango wa karakana. Nikikaa karibu na kabati la vitabu, alikohoa. Kitabu chenyewe hakukigusa tena. Alikipitia mbali, kama mtu aliyegombana na jirani anavyopita mbali na mlango wake. Mimi niliona hiyo ni alama ya hatia. Mwenye mkono safi angekwepa nini?

Kisha ikaja barua. Mama Funguo alitusomea akiwa amesimama. Mkaguzi wa makao makuu angefika baada ya siku nne kupima kitabu. Kikiwa cha kweli, kingehamishiwa makao makuu. Kikiwa cha uongo, aliyekitengeneza angeondoka kazini siku hiyo hiyo na kukabidhi alichopewa, pamoja na nyumba.

"Mambo hayo," Mama Funguo alisema. "Wewe Msomi, una uhakika?"

"Kama ninavyojua jina langu, mama."

"Jina lako tumekupa sisi," alisema, akaondoka na kelele za funguo zake.

Mjomba aliendelea kushona. Mimi niliangalia mlango wa nyuma, ule unaoingia vyumbani kwetu. Sikuwa na mlango mwingine duniani.

Nilipata wazo moja tu, na lilikuwa wazo la mikono yangu. Ushahidi ulikuwa ni yale matundu. Bila matundu, kitabu hakina undugu na daftari. Na kuziba matundu ndiyo kazi yangu.

Nilimwomba Mama Funguo ufunguo wa kabati, nikasema nataka kusafisha kitabu kabla mgeni hajaja. Ilikuwa kama nusu ya kweli, na kwa kuwa sisemi sana, watu huamini kile kidogo ninachosema. Msomi hakukihitaji. Alishanakili maneno yote kwenye daftari zake na sasa alikuwa juu anaandika maelezo ya mdudu. Karatasi zilikuwa thelathini, matundu tisini. Nilifanya kazi saa tatu za mchana, moja kwa kila siku, wenzangu wakila. Uji niliutengeneza kwa karatasi ya daftari lile lile ili rangi isitofautiane. Kingo nilizinyoa kwa wembe mpaka zikawa nyepesi kama utando. Sijawahi kuziba vizuri namna ile, na kwa kweli nilijisifu moyoni. Pembeni ya kila tundu la juu kulikuwa na maneno matatu yaliyojirudia, ukurasa kwa ukurasa. Niliyaona. Sikuweza kuyasoma. Daftari nililizika chini kabisa ya sanduku.

Asubuhi ya siku ya nne mjomba alinawa uso mara mbili, akavaa shati lililopigwa pasi.

"Leo anakuja mtu mwenye macho," alisema.

"Ndiyo, mjomba."

"Vizuri. Bora aje."

Nikajisemea, tazama anavyojikaza. Mwongo hujivika shati safi.

Mkaguzi alikuwa mwanamke wa makamo mwenye mafua, leso imechomekwa kwenye mkono wa gauni. Alikaa kwanza, akapiga chafya, ndipo akatusalimu. Msomi alikuwa na hotuba. Alifika kwenye "roho inayopita" akakatizwa.

"Subiri, mwalimu. Karatasi kwanza, maneno baadaye."

Mama Funguo aliweka kitabu mezani. Hapo mlango wa nyuma ukafunguka, na mjomba akaingia na daftari la forodhani chini ya kwapa. Lilikuwa na vumbi. Alilitafuta mpaka akalipata.



"Dada, samahani," alimwambia mkaguzi. "Kabla hujaanza. Kitabu hicho si cha kale. Nimekiandika mimi."

Msomi alicheka. "Fundi, leo si siku ya utani."

"Sitanii, mwanangu. Mke wangu alipofariki nilitaka kujua zile siku zimekwenda wapi. Sina elimu ya kuuliza watu, nikauliza karatasi. Niliandika kwa herufi nilizojifunza kwa kurudishia mistari iliyofutika, maana ndizo mkono wangu unazozijua. Nikakishona kama ninavyoshona vyote. Kosa langu ni kukiweka rafuni. Kosa la pili ni kunyamaza huyu kijana alipokichukua." Alimgeukia Msomi. "Hakuna aliyewahi kunisoma. Siku ile miwani yako iliingia ukungu. Nikasema, nimwache amalize ukurasa. Kisha nikakuacha umalize na mwingine."

Mkaguzi alijifuta pua.

"Lakini sikuficha," mjomba aliendelea, na uso wake ulikuwa na furaha ambayo sijaiona tangu msiba. "Karatasi zimetoka humu. Mdudu ni huyu huyu. Nimeandika nikimzunguka makusudi, na kila ukurasa, pembeni ya tundu, nimeandika 'Weka jicho hapa'. Ukikiinua chote dirishani, unaona mwanga kutoka siku ya kwanza mpaka ya mwisho kwa jicho moja. Hiyo ndiyo maana yake. Kitabu chote ni hilo tundu. Tazama."

Akakikamata kwa mikono miwili, akakiinua dirishani.

Mwanga haukupita.

Alikisogeza. Akakigeuza. Akapapasa ukurasa kwa kidole gumba, taratibu, kama mtu anayetafuta mpigo wa damu. Nadhani alichelewa kuelewa kwa sababu ukingo wa kiraka haukuwepo. Mtu mmoja tu ndiye anayeweza kuziba hivyo, na alimfundisha mwenyewe.

"Fundi, unataka kunionyesha nini?" mkaguzi aliuliza. "Sioni tundu." Alichukua kitabu, akalamba ncha ya kidole, akagusa karatasi, akanusa. "Gundi hii haina hata wiki. Nani ameziba?"

Mjomba alinitazama. Hapana, alitazama mikono yangu. Chini ya ukucha wangu kulikuwa bado na uji uliokauka. Nilifungua mdomo. Nakumbuka hewa ikiingia, baridi, na hakuna kilichotoka.

"Mimi," alisema.

"Kwa nini?"

"Niliogopa."

"Uliogopa ukaziba, na leo unakuja na daftari mkononi kujitangaza?"

"Ndiyo."

Mkaguzi alikifunga kitabu. "Ungeniletea kikiwa wazi ningecheka, tungekunywa chai, na ningekuomba uniandikie kingine. Lakini mtu anayeziba ushahidi wiki ya ukaguzi, mimi simwelewi. Na nisichokielewa nakiandika jinsi nilivyokikuta."

Akaandika. Sauti ya kalamu yake ilijaa chumba kizima.

"Nina kurasa sitini juu ya huyo mdudu," Msomi alisema, kama mtu anayezungumza usingizini.

"Nilikuambia ni mdudu," Mama Funguo alimjibu, lakini hakucheka. Alimnyooshea mjomba mkono. "Nipe ufunguo, kaka yangu." Siku hiyo funguo zake zikawa kumi na nane.

Sasa tunaishi chumba kimoja chenye pazia katikati, nyuma ya duka la fundi wa vioo. Mjomba anashona daftari za wanafunzi na vitabu vya sala vilivyochanika. Kitabu cha wakati kiko makao makuu, kimefungiwa. Gundi ya unga hufumuka kwa maji ya uvuguvugu, kila mshonaji anajua. Mtu angeweza kuyafungua matundu yote tisini kwa asubuhi moja, kama angeambiwa.

Hajawahi kuniuliza. Majirani wakimdadisi kwa nini aliacha kazi, husema uzee. Mara moja tu, nikiwa nakoroga gundi, alisema, "Kile kiraka kilikuwa kizuri. Nilitafuta ukingo sikuupata." Siku nyingine nilimsikia akimwambia fundi wa vioo kwamba mtoto wa dada yake haongei lakini ana moyo wa kumfia mtu.

Amenifundisha herufi zile za kizamani. Neno la kwanza nililolisoma mwenyewe ni "hapa". Siku hizi naandika kwa herufi hizo, na haya nimeyaandika kwazo, kwa sababu wewe, mjomba, ndiye pekee katika chumba hiki unayezisoma, na karatasi hii nitaiacha juu ya meza yako chini ya kijiko.

Wewe unaamini niliziba kwa kukupenda. Unaamini nilijua kitabu ni chako, nikajua na moyo wako, nikakukinga kwa njia ya kijinga. Ndiyo maana ulisema "mimi". Sivyo, mjomba. Nilikuwa nimeshakuhukumu. Sindano moja na matundu matatu vilinitosha kukuona mwongo, wewe uliyenilea, na sikukuuliza hata swali moja la wazi. Sikuwa nakukinga. Nilikuwa nakinga mlango wangu na kitanda changu, dhidi ya mtu niliyemdhania mwizi wa karatasi. Ulipotazama mikono yangu mbele ya yule mama, wewe ulikuwa unaniamini.

Mimi sikukuamini. Tundu hilo sijaliziba.